Harusi ya Sinema Nayo ni Harusi

Umma unatangaziwa: kuanzia leo, Idara ya Adabu za Sinema ya Shanghai haitambui ndoa za kuigiza. Mwanamume na mwanamke wakiinama pamoja mara tatu, kwa mbingu na ardhi, kwa wazazi, kisha wao kwa wao, mbele ya mashahidi, wameoana. Kuwapo kwa kamera hakubatilishi kitu.

Kanuni hiyo aliitunga Mkaguzi Qiu mwenyewe, na asubuhi hiyo hiyo akaenda studio kuisimamia. Alimkuta mwigizaji Zhuang Peifen amekaa juu ya sanduku, joho jekundu la biharusi mwilini, sigara mdomoni.

"Mkaguzi, nikiinama na Pang, ndiyo nimeolewa na Pang?"

"Kisheria kabisa, binti yangu. Hongera."

"Na nikikataa?"

"Picha itakosa mwisho, nawe utakosa kazi." Qiu alifurahi. Utaratibu ulikuwa unaeleweka.

Pang, bwana harusi wa kwenye picha, alikuwa akila maandazi ya nyama na kujifutia mikono kwenye joho. "Mama atafurahi," alisema. "Alishakata tamaa."

Peifen alimtazama weee, akazima sigara. "Haya. Lakini huyu anainama kama gunia linaloanguka, na sisi wasichana wa kisasa mila hatuzijui. Mzee wangu, si utuonyeshe?"

Hakuna aliyewahi kumwomba Qiu aonyeshe kitu. Alivua kofia, akasimama kando ya Peifen. Zumari zikalia. Akainama kwa mbingu na ardhi. Akainama kwa wazee wawili waliokodiwa kuwa wazazi. Akamgeukia Peifen, akainama polepole, ili vijana wajifunze. Naye Peifen akainama.

"Mmeona?" Qiu aliuliza.

"Tumeona!" studio nzima ikaitikia.

Peifen akainua shela. "Twende nyumbani, mume wangu. Mke mdogo sharti apige magoti ampe mke mkubwa chai. Dada anaipenda ya moto?"

Qiu alimfikiria mkewe, Bi Qiu, akiwa na birika la moto mkononi.

"Binti yangu..."

"Binti tena? Watu watatusemaje?"

Adhuhuri likatoka tangazo la pili, kwa haraka ya kupongezwa: kuinama mara tatu, popote, na yeyote, mbele ya mashahidi wowote, ni mazoezi ya mgongo tu. Alasiri Peifen aliinama na Pang bila wasiwasi, picha ikaisha.

Jioni Qiu alikuta matandiko yake nje ya mlango. Bi Qiu alikuwa amesoma gazeti.

"Fungua, mke wangu!"

"Mke wa nani?" sauti ikatoka ndani. "Siku ile kwa baba yangu tulikuwa tunanyoosha mgongo. Nenda salama, kaka."