Kaya Saba Zilizoandikwa Stoo

Iwoleni, Moshi Vijijini
17 Januari 1976

Ndugu Mkuu wa Wilaya,

YAH: KUNYIMWA USAJILI WA KIJIJI KWA UPUNGUFU WA KAYA SABA

Kwa heshima zote, nimepokea barua yako isemayo kuwa Iwoleni ina kaya 243, ilhali sheria inataka 250, na kwamba kwa hiyo tutaunganishwa na wenzetu wa ng'ambo ya korongo. Zahanati nayo itajengwa kwao. Ndugu, korongo hilo wakati wa masika hata mbuzi hulikataa. Mwaka jana Dominika, mke wa jirani yangu Basili, alijifungulia kwenye daraja la magogo, na sisi wanaume wanne tuliokuwa tumembeba tukatazama pembeni. Sioni haya kusema kwamba nililia. Hesabu hiyo siikubali, kwa sababu zifuatazo:

1. Aliyetumwa kutuhesabu ni Remigius, katekista wetu. Sina ugomvi naye, na mwandiko wake ni mzuri. Lakini ndiye anayemwambia padre nani apewe komunyo na nani abaki kwenye benchi. Mtu huyo ndiye mliyemtuma awaulize wanaume Wakatoliki wana nyumba ngapi.

2. Matokeo yake, palipo na nyumba ya mke wa pili, Remigius aliambiwa ni stoo ya mahindi. Kwa kuwa ni mpole, akaandika stoo. Stoo moja ilikuwa imeanika nepi. Nyingine ilimwamkia shikamoo na kumkaribisha ndizi.

3. Stoo hizo ni saba. Ukijumlisha na 243, sheria imetimia.

4. Ushahidi upo. Bwana Badrudin, mwenye duka la nguo mjini Moshi, anawajua wanaume wetu kuliko padre anavyowajua. Kila Krismasi wapo wanaotaka vitenge viwili, rangi moja, urefu mmoja, kila kimoja kwenye karatasi yake. Yeye hana komunyo ya kumnyima mtu. Naomba atuhesabu yeye. Akikosa nafasi, aletwe karani yeyote Mwislamu, Mhindu au, ikibidi kabisa, Mlutheri.

5. Kama Serikali inaona nyumba hizo si kaya, basi ituambie watoto ishirini na sita wanaotoka humo kila asubuhi kwenda shule ni mazao ya aina gani.

6. Kiongozi mmoja wa hapa kijijini, mtu wa heshima ambaye sitamtaja, yuko tayari kutangulia kuitangaza stoo yake hadharani ili wengine wapate moyo. Huko ni kujitolea kwa ajili ya taifa, sawa na kuchimba barabara.

Naomba tuhesabiwe upya kabla ya masika, maana wapo akina mama watatu ambao siku zao haziwezi kusubiri kikao.

Wasalimie makarani wote, Bi. Lukresia wa mashine ya chapa, na dereva wako aliyekwama kwetu siku mbili akala vizuri.

Wako katika ujenzi wa Taifa, upande wetu wa korongo,

Melkior Ndelilio
Mwenyekiti

Nyongeza: Barua hii naituma hivyo hivyo kwa kuwa stempu nimekwisha kuibandika, ila soma na haya. Niliiacha mezani nikaenda kukata majani ya ng'ombe. Mke wangu Kornelia, aliyefika darasa la nane, akaisoma yote hadi namba sita. Alivaa kitenge chake cha Krismasi, akaenda mferejini wanakochota maji, akawasomea wenzake. Leo ni siku ya nne. Yeye na watoto wako kwa wazazi wake Old Moshi, na wake wengine sita wa ndoa ya kanisani wamefunga nyumba wakarudi kwao. Ukiondoa hao saba, kaya ni 243, kama Remigius alivyoandika. Jana jioni nilikwenda kwa Salvina, kwenye ile stoo ya kiongozi, kuomba chakula. Alinijibu kupitia dirishani kwamba stoo haipiki.