Tende Niliyoila Saa Kumi na Dakika Ishirini

Leo nimejifedhehesha, tena mchana wa Ramadhani, mbele ya watu niliotamani wanipende.

Nina miezi miwili hapa mtaa wa Galbet. Nafundisha, narudi, nafuturu peke yangu na birika. (Birika halijibu salamu, nimejaribu.) Jana jirani yangu Abdi akanisimamisha: kesho nifuturu kwao. Nikainyoosha kanzu papo hapo.

Sasa, chanzo. Naandika makala kuhusu Guhad, mtunzi wa muziki wa kambi ya wakimbizi ya Hagadera, mpigaji wa kaban, yaani udi wa Kisomali. Husemwa alijifunza kutunga katika foleni ya maji: huichelewesha noti hadi msikilizaji akate tamaa, kisha huichelewesha tena. Wanaomsikiliza huapa kwamba dakika zake kumi ni saa mbili. Katika ukurasa wa nne niliandika kwamba madai hayo hayana msingi wa kitaalamu.

Nikaswali alasiri. Nikafunga pazia, nikavaa visikizi, nikasikiliza kibao chake kimoja tu, cha dakika kumi, ili nihakiki tanbihi. (Naam, muziki, mchana wa Ramadhani. Nilijiambia ni utafiti.) Kilipokwisha, miguu ilikuwa imekufa ganzi, na kiu yangu ilikuwa ya mtu aliyetembea kutoka Hulugho, kule mpakani. Simu ilikuwa imeishiwa chaji. Nje vumbi limelifunika jua, pamekuwa kama jioni. Nikahitimisha kwamba adhana imenipita nikiwa na visikizi masikioni.

Nikatia tende mfukoni, nikaenda mbio. Langoni kwa Abdi nikakumbuka kuwa ni sunna kuharakisha kufuturu. Nikasoma dua kwa sauti, nikameza tende moja, nikatia ya pili kinywani. Lango likafunguka.

Ndani, wanawake walikuwa bado wanakata vitunguu vya sambusa. Abdi hakuwapo. Mama yake, ambaye mtaa mzima humwita Ayeyo, yaani bibi, alilitazama shavu langu lililotuna.

"Maalim, wewe iko mgonjwa?"

Nikatikisa kichwa.

"Basi umesahau. Mtu akisahau, Allah ndiye amemlisha. Tema hiyo, endelea na saumu yako."

Kwa neno hilo alinifungulia mlango wa kutokea, wazi kabisa. Mwenye akili angepita. Mimi nikamsahihisha: sikusahau, Ayeyo, nilidhani jua limetua.

Vumbi, kwa bahati yangu, lilichagua wakati huo kupasuka. Ayeyo akainua macho.

"Hii jua? Nani amedanganya wewe?"

"Muziki," nikasema.

Binti mmoja akajifunika uso kwa shungi, mabega yakimtikisika. Nikauliza saa, kwa sauti ya mtu anayeuliza jina la ugonjwa wake. Saa kumi na dakika ishirini.

Ayeyo akaniambia kwamba saumu ya leo nitailipa baada ya Idi, kwamba nirudi adhana ikitoka, na kwamba huo muziki niuache nyumbani. Hakucheka. (Huenda alicheka, sikuthubutu kutazama.)

Sasa niko chumbani. Ukurasa wa nne nimeufuta wote. Imebaki saa nzima, na nimefikiria mara tatu kusingizia homa.

Lakini nitakwenda. Ninyi mnaosoma, naomba msinicheke. Waachieni wao kazi hiyo, kwani wao watanicheka nikiwa nimeketi nao.