Subira Yavuta Moshi

Kwa Mwenyekiti,
Kamati ya Wakazi wa Jengo Letu.

Ndugu Mwenyekiti,

KUHUSU: PIPA LILILOKO UANI, BABA YANGU ALIYE KANDO YAKE, NA MBAVU ZILIZOMO NDANI (NDANI YA PIPA, SI YA BABA)

Nakuamkia kwa heshima, nikiamini nawe umefunga madirisha kama sisi wengine. Majirani wamenituma niandike barua hii kabla ya kikao cha Jumapili, kitakachoamua kama pipa liondolewe. Wanasema mimi ndiye msomi wa jengo, na kwamba mtoto akimshtaki mzazi wake kamati haina budi kuamini. Naomba basi niaminiwe.

Kwa faida ya wenye mafua: baba yangu, askari mstaafu wa zimamoto, amelipasua pipa la chuma, akalitia wavu, na kila Jumamosi huivisha humo mbavu za nguruwe kwa moshi. Ubavuni mwa pipa ameandika kwa rangi nyekundu: SUBIRA YAVUTA MOSHI. Nilimwambia methali inasema heri. Akanijibu, "Heri itakuja, mwanangu, ila moshi hutangulia." Ndiyo maana naandika.

1. Kazi. Mtu aliyelipwa maisha yake yote kuzima moto hana haki ya kuuwasha akishastaafu. Tukinyamaza, kesho daktari mstaafu wa ghorofa ya pili ataanza kugawa homa, na mwalimu wa chini atawafundisha watoto kusahau kusoma. Mama yangu, fundi cherehani, ndiye pekee aliyeridhika. Anasema mumewe alizoea kurudi akinuka moshi wa nyumba za watu, sasa walau ananuka wa kwake.

2. Mwendo. Baba huanza asubuhi. Huchuna ule utando mgumu wa nyuma ya mifupa, hupaka chumvi, sukari na pilipili, hulaza mbavu kwenye wavu mbali na makaa, halafu hadi jioni hakitokei kitu. Moto wenyewe hauruhusiwi kuwa moto; ukichangamka unakemewa. Niliwahi kuinua kifuniko nichungulie. "Funika," akasema. "Ukichungulia unaiba joto. Nyama haina haraka na wewe, wewe haraka yako nayo ya nini?" Haya yametoka kwa mtu aliyekuwa akivaa buti huku anakimbia.

3. Elimu. Hutoa mihadhara ambayo hakuna aliyeiomba. Eti kuna moshi wa kukimbia na moshi wa kukaa nao. Ule mweupe, mzito, unaochoma macho, ni kuni zinazolalamika kwa kukosa hewa, na nyama yake huwa chungu. Ule mwembamba wa samawati, usiouona mpaka utulie, ndio wa kukaa nao. Mimi nina tasnifu ya kumaliza, juu ya ukimya katika ushairi, na dirisha langu liko juu ya pipa. Nimejikuta nikiandika kwamba shairi bora ni lenye moshi mwembamba. Msimamizi wangu ameweka alama ya kuuliza pembeni, kisha, kwa aibu yangu, tiki.

4. Nimelifuta.

5. Usalama. Mwezi jana mama mwenye saluni, wa ghorofa ya tatu, aliwapigia simu zimamoto. Gari likaja na king'ora chake, askari wakaruka chini, wakamkuta Baba, mkufunzi wao wa zamani, ameshika koleo. Wakampigia saluti. Kiongozi wao akalizunguka pipa kwa uso mkavu, akatangaza, "Moto umedhibitiwa, mkuu. Bado sana?" Wakabaki mpaka zilipoiva, gari limeziba lango; mtaa ungeshika moto siku ile, ungeungua ukisubiri mbavu. Mama wa saluni, mpiga simu, aliomba za kufungiwa. Nawe, Ndugu Mwenyekiti, utusaidie kueleza kikaoni ule mfupa uliodondoka kutoka kwenye faili la kamati.

6. Ulaini. Hili ndilo zito kuliko yote. Baba huinua mbavu kwa koleo. Zikijipinda na kupasuka kidogo kwa juu, zimeiva. Ukiuma, nyama huachana na mfupa bila ubishi, na watu wameanza kuiga tabia hiyo. Ndugu wawili wa ghorofa ya kwanza, ambao kesi yao ya bomba la maji ndiyo ajenda yetu ya kudumu, wameonekana wakipokezana kitambaa cha kufutia vidole. Tafakari. Jengo lisilo na ugomvi halihitaji kamati, na pasipo kamati hapana mwenyekiti. Nakusemea wewe zaidi kuliko ninavyojisemea.

Naomba basi pipa liondolewe, Baba arejeshwe kazini apende asipende, na mbavu zote zitakazoingia jengoni zichemshwe harakaharaka, zitoke ngumu kiasi cha kuturudishia uhasama wetu wa kawaida.

Nisalimie mkeo, mweka hazina, mlinzi wa lango, na paka wa mlinzi, ambaye siku hizi hatembei bali hujikokota.

Wako katika kutafuta hewa safi,
Binti wa zimamoto mstaafu,
chumba cha juu ya pipa.

Tanbihi: Lalamiko la nne lilihusu kelele. Nilikuwa nimeandika kwamba Baba anaongea. Nilipokuwa mdogo, harufu ya moshi mlangoni ilimaanisha nyumba ya mtu imeungua. Alioga, akala, akalala, nasi tulijua kutouliza. Sasa, kwa kuwa kifuniko hakifunguliwi na hakuna la kufanya ila kungoja, ananisimulia nyumba moja baada ya nyingine: nani alimtoa, nani hakumuwahi. Jumamosi iliyopita alifika kwenye ngazi za nyumba ya fundi viatu, akashika koleo, akasema, "Hiyo tuiache, nyama imeiva." Msiliondoe pipa kabla hajafika juu ya ngazi zile. Jumamosi hii nimemwomba muuza nyama anichagulie mbavu nene, zile zinazochelewa kuiva.