Gauni la Bluu la Marehemu Mama Mkwe

Jumatatu, 5 Mei

Mwanangu Merle ametengeneza filamu! Hakusomea popote. Simu, mpini wa ufagio wa kuisimamishia, na akili alizochota kwangu. Kisiwa chetu cha Carriacou chote kimo: maseremala wa mashua, mbuzi wa barabarani, kwaya, mimi mara nne. Jumapili inaonyeshwa ukumbini, mjini Hillsborough. Imekosa kitu kimoja tu: saraka, karamu ya kuwalisha wafu wetu. Na saraka haiandaliwi hivihivi, mpaka marehemu amjie mtu ndotoni aseme ana njaa. Mwaka huu wafu wote wameshiba! Mtoto kanuna, hata chai hanywi. Nikamwambia amwachie mama.

Jumanne, 6 Mei

Nimemwota mama mkwe. Yaani, nimesema nimemwota. Nilimwambia wifi yangu Ismay pale bombani, mbele za watu, kwamba marehemu mama yake kanijia kashika tumbo, anataka wali na nyama ya kondoo. Ismay akauliza alivaa nini. Nikasema gauni la bluu. Akaitua ndoo yake. Kisha akasema mama yake bluu hakuivaa maisha yake yote, eti inamfanya afanane na polisi. Nikamjibu labda huko aliko wanagawiwa. Watu wakacheka. Ismay hakucheka. Hata hivyo saraka ni Alhamisi! Jirani yetu Alford, mgane, katoa kondoo dume.

Jumatano, 7 Mei

Nililala na gauni nimeligeuza ndani nje, mzuka asinitambue. Nimeamka limekaa sawasawa. Nani kaligeuza? Huenda nililivaa vibaya. Huenda! Mchana Merle kaniuliza kama kweli niliota. Akasema, "Mama, filamu yangu haina uongo. Ukinidanganya naikata saraka yote." Nikaapa kwa jina la mama mkwe. Saa hiyo hiyo nikajiuma ulimi nikitafuna kipande cha mhogo. Damu!

Ijumaa, 9 Mei

Jana ngoma zilipigwa, ramu na maji yakamwagwa chini. Meza ya wafu ikaandaliwa chumbani kwa Ismay, kitambaa cheupe, sahani zimejaa. Mlango ukafungwa. Haingii mtu mpaka asubuhi. Ila mimi nilishatangulia kuificha simu ya zamani ya Merle juu ya kabati, inarekodi. Mama gani mwingine angewaza hilo?

Leo wamefungua. Nyama haipo! Watu wakashangilia, wazee wamekula, wazee wamepokea. Mimi nikarudi nyumbani mbio. Kumbe kaja kweli! Basi hata uongo wa gauni kausikia. Nimeshinda jikoni na mgongo ukutani.

Jumamosi, 10 Mei

Merle ameichukua ile simu juu ya kabati, tukaitazama. Alikuwa Ismay! Kaingia kwa dirisha, mwili wote ule, kaketi anatafuna paja la kondoo. Nikapiga makofi. Furaha yangu haikudumu hata dakika. Ismay akakigeukia kiti kitupu, mdomo umejaa, akasema, "Kula, mama. Na huyo mke wa kaka anayekuzushia bluu, nakuachia mwenyewe."

Nimeshtakiwa! Kwa marehemu mwenyewe! Nikapiga magoti hapo hapo, nikamwambia Merle yote. Hakuna ndoto, hakuna njaa, hakuna gauni. Nilijua filamu imekufa na mimi ndiye niliyeiua. Mtoto akaniambia nirudie maneno hayo hayo, polepole, nikiangalia kamera.

Jumapili, 11 Mei

Ameonyesha yote. Uongo wangu, dirisha la Ismay, paja la kondoo. Ukumbi ulicheka mpaka watu wakashikana mabega. Padri alitoka nje kupumua. Walisimama wote wakampigia makofi mwanangu! Nami nikainuka, nikainama kushukuru, maana nusu ya filamu ni mimi.

Jumatatu, 12 Mei

Watoto wa shule wananiita Bi Bluu. Ismay haniamkii. Sijalala, kila ubao wa sakafu ukilia namwona mama mkwe mlangoni. Nimeapa sitamsingizia tena marehemu yeyote.

Jioni Merle kasema filamu ya pili itahusu harusi ya kwetu, watu wakicheza barabarani na keki na bendera mikononi kama zamani. Lakini mwaka huu hakuna anayeoa. Kanuna tena. Moyo wa mama!

Ismay hana mume. Alford hana mke. Nami hapa kitini nimesinzia kidogo tu, dakika mbili hivi, mama mkwe akanijia, kashika keki. Nimeshamwambia Alford. Amekwenda kunyoa ndevu.