Dirisha Moja Linatosha

Jumatatu, 2 Desemba
Nimepata! Mama Velma wa Hopkins amenikabidhi video ya harusi ya bintiye. Jumamosi, ukumbini Roseville, hapa hapa Minnesota. Sharti moja tu: bibi yake Velma kanyimwa viza, yuko Kisumu, anataka kuuona uso wa mjukuu wake. Nikamwambia asihofu, mimi ni mfuasi wa Anselmo Quintela. Akauliza huyo ni mchungaji wa kanisa gani.

Mchungaji! Mpiga picha za sinema wa Brazili! Alianza kwa kubeba nyaya za wenzake, akaishia kutunukiwa tuzo. Miaka arobaini hajawasha taa. Jua na dirisha tu. Nusu ya uso mwanga, nusu kiza.

Jumatano, 4 Desemba
Lenny, yule Mkenya wa video za harusi, kaniuliza kwa upole kama nina taa. Upole gani? Wivu huo. Harusi zake zote zinang'aa kama bucha. Akataka kuniazima moja. Nikakataa. Nimeshakagua ukumbi: dirisha moja kubwa, upande wa magharibi. Kadi inasema saa saba mchana. Quintela angelia kwa furaha.

Jumamosi, 7 Desemba
Saa saba: mimi na dirisha. Saa nane: mimi, dirisha na DJ. Saa tisa akaja shangazi na sufuria la pilau. Nikamuuliza watu wako wapi. Akaniambia ni-relax, kama kadi inasema saa saba basi ndiyo kwanza wanaoga.

Gasto mimi, mtoto wa Moshi, nimeyasahauje haya?

Bibi harusi kaingia saa kumi na dakika arobaini. Jua la Minnesota lilikuwa limeshazama. Lenny, mwalikwa tu, akanionyesha taa yake chini ya meza. Nikageuka. DJ akawasha taa za dari. Nikamwamuru azime, nikasema ni agizo la Mama Velma. Watu wakala pilau kwa tochi za simu. Sanaa tupu!

Jumanne, 10 Desemba
Video imefika Kisumu. Bibi kapiga simu analia, anauliza nani amefariki, na mbona Velma hakuhudhuria. Mama Velma akanipigia. Sitaandika alichosema, daftari hili bado jipya.

Kumbe Lenny alirekodi dakika mbili kwa simu, na taa yake. Akazituma. Bibi anazirudia tangu asubuhi, anambusu mjukuu kwenye kioo cha simu. Niliposikia hilo niliona aibu. Kweli niliona aibu.

Ijumaa, 13 Desemba
Aibu imeisha. Kosa ni la Minnesota. Halafu, bibi alilia! Lenny kamliza nani?

Wambui wa Golden Valley hajasikia habari. Kanipa ubatizo wa mwanawe. Kadi inasema saa nane, na ukumbi una madirisha mawili!

Lenny kaniachia ile taa mlangoni, zawadi. Ninaandika chini yake sasa hivi. Naona kila herufi. Kwa sinema, lakini, haifai kabisa.