Televisheni ya Ayoub na Diski za Bi Tahiya

Ayoub wa Kikwajuni aliwahi kumuuzia mtu feni isiyo na mota, na mtu huyo akamshukuru. Basi aliposikia kwamba Salem, mwenye hoteli Shangani, anatafuta diski za tamthilia moja ya zamani, hakulala mchana. Seti nzima alikuwa nayo jirani yake, Bi Tahiya.

Salem hakutaka ya mtandaoni. Huko, alisema, kila penye giza picha inakatika vipande, na sauti imebanwa. Kwenye diski hata mikunjo ya kanzu nyeusi inaonekana. Ayoub alikubaliana naye kwa kila neno, kisha akaenda kwa Bi Tahiya kusema kinyume chake.

Alibeba televisheni yake kubwa, kitu pekee cha maana nyumbani kwake. Alimwamkia bibi wa watu kwa adabu zote, akaomba walinganishe onyesho moja, kwanza la mtandaoni, kisha la diski. Alipoinama kuweka diski aliipaka mafuta ya sambusa yaliyokuwa vidoleni mwake, na waya wa spika akaulegeza. Picha ikakwama, sauti ikakoroma.

"Unaona, Bi Tahiya? Diski zishapitwa na wakati. Chukua televisheni hii, mie nkuondoshee takataka hizi."

Bi Tahiya alikuwa akizitazama diski zile kwa miaka kumi, na harufu ya sambusa aliisikia. Akamwambia sawa, aache televisheni, aje alasiri kuchukua makasha.

Alasiri Ayoub aliyabeba bila kuyafungua, kwa kuchelea mwenziwe asije akagutuka.

Kule hotelini Salem alifungua kasha la kwanza. Juu ya diski paliandikwa kwa wino: Harusi ya Mwatum, wanawake tu. La pili vilevile, na la tatu. Salem akageuza uso ukutani.

"Umeniletea wake za watu, Ayoub? Toka nazo."

Ayoub mwenyewe hakuthubutu kutazama hata moja, kwani Mwatum ana kaka watano. Alimpa mkewe, Ilham, akazikague. Nyumbani hapakuwa tena na televisheni, kwa hiyo Ilham akaenda kwa Bi Tahiya.

Alirudi akicheka.

"Diski tupu zote, hamna hata picha moja. Bi Tahiya asema sura ya mwanamke haikopeshwi."

"Na televisheni yetu?"

"Nnarudi huko huko, nshafika sehemu ya tatu ya tamthilia," alisema Ilham, akichukua mto wa kukalia. "Ile diski ukiifuta mafuta, Ayoub, hata mvua unaisikia."