Nimenyimwa Viza ya Tirindi

Jumanne, 4 Januari

Binti yangu ana nchi yake. Ipo chini ya meza ya chakula, imezungushiwa shuka, inaitwa Tirindi. Lugha yake ni Kitirindi. Nyumbani tunamwita Chiriku, maana tangu ajue kusema hajanyamaza. Lakini mimi nikisogea tu na kazi yangu ya kushona, anakauka kama bomba la mtaa.

Raia wa pili ni shemeji, mdogo wake mume wangu. Alikuja kutafuta kazi, "siku chache tu". Mvua zimekuja zimepita, bado anatafuta, tena kalala chali. Na Kitirindi anakiongea kama kazaliwa huko! Mimi niliyemzaa malkia mwenyewe, mgeni.

Kinachoniuma ni hiki: Jumatatu Chiriku anaanza shule. Ametangaza kwamba siku hiyo Tirindi inafungwa, kwa kuwa malkia atakuwa na kazi. Baba yake yuko safarini na lori lake, hana habari. Nina mpaka Jumapili kuingia. Na sare za wanafunzi wa mtaa mzima zinanisubiri kwenye cherehani.

Nitaingia. Nimeapa.

Jumatano, 5 Januari

Mbinu ya kwanza: kutega sikio. Nikajikalisha kando ya meza, eti natia vifungo. Nikasikia Chiriku anasema "Dorofe!" na shemeji anajibu "Dorofe ndi." Wakacheka mpaka meza ikatikisika.

Nikaona ndio hapo hapo. Nikainua shuka, shati mkono wa kulia, kopo la vifungo mkono wa kushoto, nikasema "Dorofe" kwa adabu zangu zote. Chiriku akaniangalia mikono. Akamwangalia baba yake mdogo. Akashusha shuka polepole, kama muuza duka anayefunga mapema. Shemeji akasema kutoka huko ndani: pole shem, ni sheria za nchi.

Sheria! Mtu ambaye hata sahani aliyolia chakula haijui njia ya jikoni!

Kwa hasira nimetia vifungo vyote mgongoni mwa shati.

Ijumaa, 7 Januari

Jana sikuandika. Nilikuwa nafumua.

Mbinu ya pili: rushwa. Sahani ya biskuti, nimeisukuma mwenyewe chini ya shuka. Sahani ilipokelewa. Mimi sikupokelewa.

Jioni nikambana shemeji jikoni. Nikamwambia chai haonji mpaka anifundishe. Akasema Kitirindi hakifundishwi, mtu hukipata akiwa ndani, na ndani siingii hivi nilivyo. Nikamuuliza nikoje. Akanitazama kwa huruma. Huruma ya mnywa chai yangu! Akasema, shem, si umuulize mwenyewe malkia?

Nikamuulize? Nani anaomba kuelekezwa njia ndani ya nyumba yake?

Chiriku alipokuwa mchanga tulikuwa na lugha yetu, yeye na mimi. Hakuwa na neno hata moja, lakini nilijua kilio cha njaa, cha usingizi, na kile cha kutaka kubebwa tu bila sababu. Baba yake alikuwa ananiuliza, anasemaje huyu? Nikawa namtafsiria. Sijui ni lini niliachishwa kazi ya ukalimani. Hakuna aliyeniambia.

Basi. Kesho mbinu kubwa.

Jumamosi, 8 Januari

Simu! Niwarekodi kwanza, nijifunze taratibu. Nikalala sakafuni kana kwamba natafuta sindano, simu nimeificha kiganjani. Mara kikatokea kimguu, kina plasta kidoleni. Shuka likafunguka. Chiriku akasema, Mama, ukitaka kuingia si uingie? Nikasema naingia. Akasema, na simu?

Ndipo akanieleza, kwa subira, kama mimi ndiye ninayeanza shule. Tirindi hakuna anayeshika kitu. Mwenye kitu mkononi anasikiliza kitu chake, hakisikii Kitirindi. Mikono mitupu ndiyo mlango.

Kumbe! Ndiyo maana shemeji ni raia. Tangu afike hajashika kitu!

Nikaweka simu. Nikatoa tepu shingoni, sindano kolani, kastabini kidoleni. Mikono yangu ikabaki inaning'inia kama ya mtu mwingine. Nikaingia kwa magoti. Chiriku akaishika yote miwili, akaniambia sentensi ndefu ya Kitirindi, ndefu kweli, macho makavu, hacheki. Sikuambulia kitu. Nikajibu "Dorofe ndi." Akanilalia mapajani. Nywele zake zilinukia biskuti.

Nikamuuliza amesema nini. Akasema ni jambo refu, atanifasiria kesho kabla nchi haijafungwa, nikija vizuri.

Nimejifunza! Kuanzia leo mimi ni mtu wa mikono mitupu.

Jumapili, 9 Januari

Mpango kabambe. Kazi zote zimalizike asubuhi, mchana kutwa niwe Tirindi.

Ilibaki sketi ya shule ya Chiriku mwenyewe, pindo tu. Akaniita. Nikasema naja mama, pindo tu. Pindo likaenda upande, nikalifumua. Akaniita tena. Nikasema kifungo tu. Mara ya tatu hakuniita kwa Kiswahili. Alisema ile sentensi ya jana, yote, kutoka nyuma ya shuka. Nikaitikia "Ee!" uzi ukiwa mdomoni.

Shemeji akapita, akatingisha kichwa. Akasema malkia anafunga mipaka jua likizama. Nikamwambia asinifundishe kazi.

Sasa sketi imekwisha, imenyooka, haina kasoro. Mikono mitupu, hatimaye! Nimeona tu niandike kwanza haya machache, nisije nikasahau.

Shuka limeinuka kidogo. Namwona jicho moja. Haniangalii usoni, anaangalia kalamu.

Naja, mama, naja. Namalizia mstari huu tu.